Maneno ya Kiingereza yanayofanana masikioni: niliyojifunza nikiwachapia watu barua

Mkuu, swali lako nimelisoma mara mbili. Unasema orodha ya "their" na "there", "principal" na "principle" umeikariri hadi unaiota, lakini ukikaa kuandika barua ya kuomba kazi, kama hii uliyoiweka hapa, vidole vinachagua neno lile lisilotakiwa, na kompyuta wala haikupigii mstari mwekundu. Mstari hautakuja, kwa sababu neno uliloandika lipo kwenye kamusi. Mimi nina steshenari jirani na chuo, mwaka wa kumi na moja huu, na nimewachapia watu barua mpaka herufi za kibodi zimefutika. Nina la kusema.

Nianze na aibu yangu. Siku za kufungua duka nilimwandikia fundi wa mabango neno "STATIONARY" kwenye kipande cha karatasi. Akalichora kwa rangi ya bluu, herufi kubwa zinazosomeka toka stendi. Likakaa miaka miwili. Siku moja akaja mama mmoja, mwalimu mstaafu, kutoa kopi ya kitambulisho. Akatazama juu ya mlango, akaniuliza kwa upole: "Mwanangu, kwani maduka mengine huwa yanatembea?" Sikumwelewa. Ndipo akanieleza kwamba nilichoandika ni kitu kilichosimama, kisichosogea, kama gari lililoegeshwa. Karatasi na kalamu ni "stationery", yenye e.

Niliona haya, nikaenda kuchimba neno lenyewe. Kumbe Ulaya ya zamani wauzaji wengi walikuwa machinga, wanazunguka na mizigo. Muuza vitabu mwenye kibanda cha kudumu, mara nyingi karibu na chuo kikuu, ndiye aliyeitwa kwa Kilatini "stationarius", aliyetulia pahali pamoja. Waingereza wakamwita "stationer". Chama chao cha London kilianza 1403 na kupata hati ya kifalme 1557. Basi "stationery" ni bidhaa za "stationer", na ile e ni ya mwenye duka. Maneno hayo mawili ni ndugu wa tumbo moja. Sikukariri kitu, na toka siku hiyo sijakosea tena.

Sasa tuje kwako. Nadhani unachanganya magonjwa mawili na kuyanywesha dawa moja.

Ugonjwa wa kwanza ni wa maneno ambayo hata Mwingereza anayatamka sawasawa, na yeye pia anayakosea akiwa na haraka. Sisi tunayo ya kwetu: mbuzi wa kuchinja na mbuzi wa kukunia nazi. Lakini sisi tunayaandika vilevile, kwa hiyo hakuna anayepoteza alama. Mwingereza sauti ni moja, maandishi mawili. Lawama ni za historia. William Caxton alileta mashine ya kuchapa vitabu Westminster mwaka 1476, wakati matamshi ya watu yalikuwa katikati ya safari ndefu ya kubadilika. "Meet" na "meat" zilikuwa zinasikika tofauti. Ile k ya "knight" ilitamkwa. Sauti zikahama, tahajia ikabaki kwenye nyumba ya zamani. Mengine yalikuwa neno moja kabisa: "flour" ni "flower" ileile, ua la ngano, yaani sehemu bora ya unga, na kamusi ya Samuel Johnson ya 1755 bado haikuwa imeyatenganisha.

Kwa ugonjwa huu sikio ni shahidi wa uongo, usilisikilize. Tumia jicho, na utafute ukoo wa neno. "There" ina "here" ndani yake, na "where" pia. Ni ukoo wa mahali, kama hapa, hapo na pale zinavyogawana "p". "Their" imebeba "heir", mrithi, kwa hiyo ni mali ya watu. "Complement" ni jamaa wa "complete", inakamilisha. Yenye i, "compliment", ni sifa anayokupa mtu kwa shati lako. Ukiona alama ya mkato wa juu kama kwenye "it's" au "you're", irefushe kichwani, isome "it is", "you are". Sentensi ikigoma, andika "its" au "your".

"Principal" wengi hufundishwa kwamba mkuu wa chuo ni "pal" wako, rafiki. Mimi siipendi mbinu hiyo. Kwanza mkuu wa chuo chetu hakuwa rafiki wa mtu. Pili, inakuacha njiani siku unaposoma mkataba wa mkopo ukakuta "principal and interest", maana hapo ni ule mtaji uliokopa kabla ya riba. Shika hivi: "principle" ni kanuni au msingi wa jambo, basi, haina kazi nyingine. Kila penye ukuu, awe mtu, sababu kuu au pesa mama, ni "principal". Barua ngapi nimeona zimeandikwa "To the Principle", kana kwamba mtu anaiomba kazi kanuni ya fizikia!

Nami sikupona siku moja. Kuna kadi za harusi nilichapa mwenyewe, nikapanga na ratiba ya chakula nyuma: pilau, kuku, kisha "Desert". Kamati ya harusi ikawaalika watu wale jangwa. Kitamu cha mwisho kina s mbili, na hili hata sauti inatofautiana kidogo: jangwa unalikaza mwanzoni, kitamu unakikaza mwishoni. Mwaka uliofuata nikaletewa tangazo la ofisi fulani niliprinti, limeandikwa "Please bare with us". Walitaka "bear", kuomba uvumilivu, wakaomba wateja wavue nguo pamoja nao. Safari hii niliwapigia simu kabla ya kuprinti.

"Affect" na "effect" sitakaa sana: mara nyingi ya a ni kitenzi, kuathiri, na ya e ni nomino, athari. "Advice" yenye c ni nomino, "advise" yenye s ni kitenzi, na sauti zake zinatofautiana, kwa hiyo itumie kama mfano wa "practice" na "practise", ambazo sauti ni moja. Wamarekani wanaandika "practice" pote pawili, usishtuke.

Ugonjwa wa pili ni wetu sisi, na ndio mzito zaidi kwako nikiangalia barua uliyoweka hapa. Kiswahili kina irabu tano. Kiingereza cha Uingereza kinachofundishwa vitabuni huhesabiwa sauti za irabu kama 20, ukijumlisha zile zinazoteleza. Sasa umati wote huo ukija mdomoni kwetu unagawana viti vitano. "Hat", "hut", "hurt" na "heart" zote zinakalia a moja. "Live" na "leave" zinakalia i moja. Kwa Mwingereza hayo hayafanani hata kidogo. Yanafanana kwetu tu. Ndiyo maana kila wiki nachapa "I am leaving in Mbagala", mtu anaondoka Mbagala kila siku na hafiki. Nachapa "feel the form" badala ya "fill", "bank sleep" badala ya "slip", "Fast Year student" badala ya "First". Na kijana mmoja mwenye shahada ya uhasibu aliomba kazi "in your farm". Ilikuwa kampuni ya ukaguzi wa hesabu, haina hata mche wa mchicha.

Hapa ukoo wa neno hausaidii, lazima ufundishe sikio. Mimi natumia simu: nabonyeza kipaza sauti cha kibodi, naweka Kiingereza, nasema "I live here", kisha natazama imeandika nini. Ikiandika "leave", nimevuta i mno. Usidhani ni urefu tu wa sauti. Ya "live" ulimi umelegea, ya "leave" midomo inatanuka kama unatabasamu. Wenzetu ambao lugha ya nyumbani inachanganya r na l wana mzigo wa ziada, "collect" na "correct", lakini anayeweza kutenga kula na kura ameshaweza. Na tusijidharau: "think" na "sink" zinawatesa mataifa mengi, sisi tuna thamani na samani toka utotoni.

Ile orodha ya jozi itupe. Ukiyakariri maneno mawili kwa pamoja, yatakuja kwa pamoja. Shika moja, liandike kwenye sentensi ya maisha yako mpaka likae, wiki nyingine ndipo ulete mwenzake. Na mtoto wako akirudi shule mwambie akusomee imla ya mistari mitano. Atafurahi kukusahihisha kuliko unavyodhani.

Barua yako sasa. Mstari wa pili, "leaving" iwe "living". Wa nne, "your farm" iwe "your firm", labda kama kweli wana shamba. Wa mwisho, "to here from you" iwe "hear", ina "ear", sikio. Na pale kwenye uzoefu ulipoandika umefanya kazi miaka miwili kwenye "stationary", badilisha hiyo a usiku huu kabla hujatuma. Bango langu fundi aliligeuza a ikawa e kwa bluu nyingine kidogo, na mpaka leo ukisimama upande wa stendi unaiona.