Wathamini walishapita, hela hazionekani: maswali yenu ya fidia ya ardhi

SWALI: Mshauri shikamoo. Mimi ni mama wa watoto wanne niko mkoa wa Pwani, kuna mradi wa laini kubwa ya umeme unapita kwetu, wathamini walikuja wakahesabu nyumba, minazi, mikorosho mpaka choo, wakanipiga picha nimeshika kibao chenye namba, wakasema kuanzia leo msijenge wala kupanda miti mipya. Sasa ni miaka miwili na miezi kadhaa hela hamna, bati la chumba cha watoto linavuja naogopa hata kulibadilisha na kila nikienda kuuliza naambiwa mama subiri. Haki yangu ni ipi? Na kiwanja bado kiko jina la marehemu mume wangu.

JIBU: Marahaba mama, na pole sana. Barua za hivi tunazipata nyingi na nyingi ni za akina mama, kiukweli inauma. Hapa Tanzania serikali inaruhusiwa kutwaa ardhi kwa ajili ya umma, Sheria ya Utwaaji Ardhi ipo toka 1967, lakini Katiba ibara ya 24 inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila fidia inayostahili. Na asije mtu akakudanganya kwamba shamba la kurithi lisilo na hati halina bei, Mahakama ya Rufani ilishalimaliza hilo mwaka 1994 kwenye kesi ya Lohay Akonaay, ikasema ardhi ya kimila nayo ni mali na Katiba inailinda. Afu Sheria ya Ardhi ya 1999 ikaja kusema fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe haraka.

Hiyo haraka watu wanadhani ni neno tu la kupamba sheria, hapana, ina muda wake. Mthamini Mkuu wa Serikali akishaidhinisha uthamini inatakiwa mlipwe ndani ya miezi sita, ikipita hapo hela inaanza kuzaa riba kwa kiwango cha wastani ambacho mabenki yanalipa kwenye amana za muda maalumu (hela unayoifungia benki kwa muda mliokubaliana), na hiyo riba ni haki yako usiiombe kama msaada. Ikifika miaka miwili toka kuidhinishwa bila malipo, uthamini wenyewe unakuwa umekufa na wanatakiwa waje kuthamini upya kwa bei za leo, hii imo kwenye Sheria ya Uthamini ya 2016. Kwaiyo mama tarehe ndo kila kitu hapa, na tarehe yenyewe si ile siku waliyokupiga picha, ni siku Mthamini Mkuu alipoidhinisha. Andika barua uiulize hiyo tarehe, peleka kwa mtendaji wa kijiji, nakala halmashauri na kwa mkuu wa wilaya, na kila unapoiacha wagongee muhuri wa kupokea kwenye nakala yako uondoke nayo. Maneno ya mdomo ya "subiri" hata ukienda mara hamsini hayaachi alama popote.

Bati badilisha, watoto hawawezi kulala kwenye maji wakisubiri faili. Kuziba paa si kujenga nyumba mpya, ila piga picha kabla na baada na mjulishe mtendaji kwa maandishi.

Sasa jina la marehemu, hapa ndo familia nyingi zinakwama siku hela zimefika kabisa. Usisubiri siku hiyo. Kaeni kikao cha ukoo muandike muhtasari mkamteua msimamizi wa mirathi (wewe mwenyewe unaweza kuwa, mke hazuiwi na mtu), chukua na cheti cha kifo muende Mahakama ya Mwanzo mfungue mirathi. Shemeji akikuambia sisi wanaume tutasaini kwa niaba yako, kataa kwa heshima lakini kataa. Usisaini fomu yoyote ambayo sehemu ya kiasi iko wazi, na ukisaini dai nakala.

Na usiangalie bei ya kiwanja peke yake. Kuna posho ya usumbufu, kuna usafiri wa kuhamisha mizigo mpaka tani 12 ndani ya kilomita 20, afu kuna posho ya makazi ambayo ni kodi ya mwezi ya nyumba kama yako mara miezi 36, yani kama nyumba kama hiyo hapo kijijini inapangishwa 50,000 hapo tu ni 1,800,000. Wengi wanasaini hawajui hata kama hicho kipengele kipo! Ukiona hakimo kwenye jedwali lako la fidia na ulikuwa unaishi hapo, uliza kwa barua.

Wakikupuuza unaweza kwenda mahakamani ila kuishtaki serikali lazima kwanza utoe notisi ya siku 90, na hela ya wakili kama hamna tafuta wasaidizi wa kisheria wilayani kwako, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua na huduma yao ni bure.

SWALI: Nyumba yangu na duka viko barabara kuu, tumepigwa X za kubomolewa, jirani ya kijani mimi nyekundu, tofauti nini?

JIBU: Kaka, kubwa sana. Zamani hifadhi ya barabara kuu, yani eneo lililotengwa kwa ajili ya barabara, ilikuwa mita 22.5 kila upande toka katikati, Sheria ya Barabara ya 2007 ikaifanya mita 30. Walio kwenye zile mita 7.5 zilizoongezwa barabara ndo imewafuata, hao kijani na wanalipwa, nyekundu maana yake unahesabiwa umeivamia hifadhi na hulipwi. Chukua futi upime mwenyewe ukiwa na mwenyekiti wa mtaa, na kama wamekosea pinga kwa maandishi mapema. Ukibadilishiwa kuwa kijani, faida ya duka nayo inalipwa mara miezi 36, ila utaombwa ushahidi, kwaiyo leseni, risiti na daftari la mauzo vitunze kuanzia leo.

SWALI: Kaburi la mama yetu liko kwenye eneo linalochukuliwa. Tutalipwa?

JIBU: Poleni wanangu. Makaburi yana sheria yake ya 1969, hamlipwi bei ya kaburi, ila gharama za kufukua, kusafirisha, kuzika upya na kulijengea tena ni za serikali, na hata gharama ya dua au tambiko la kuhamisha imetajwa humo. Hakikisheni kaburi limeandikwa kwenye fomu siku ya uthamini, kama halina alama wekeni hata mawe na mti leo leo, na mzee anayelijua awepo siku hiyo awaonyeshe.