Maswali ya Wasomaji: Mabwana wa Wanjohi

SWALI: Mhariri, marehemu babu alikuwa akisema wazungu wa Happy Valley, yaani bonde la Wanjohi, waliharibika kwa kukosa kazi. Lakini walikuwa watu wa koo kubwa, wenye vyeo na mashamba. Kukosa kazi tu kunatosha kumharibu mtu hivyo? – Msomaji, Nakuru

JIBU: Babu yako hakukosea, ila ule uvivu ulitengenezwa na sheria. Sheria ya ardhi ya 1915 ilimwezesha mlowezi kukodishiwa shamba kwa miaka 999. Kodi ya nyumba ikamsukuma Mwafrika kutafuta mshahara, na kipande, cheti cha utambulisho na kazi alicholazimishwa kubeba, kilichoanza kutumika 1920, kikamnyima uhuru wa kuacha kazi. Kwa hiyo pale Wanjohi, kati ya milima ya Nyandarua na Kipipiri, kabaila mwenye fedha za kwao hakuhitajika shambani mwake. Mnyapara alitosha. (Walowezi wengi hawakuishi hivyo, walilima na kuzama katika madeni. Hawa walikuwa kikundi kidogo.)

Anayekunywa tangu asubuhi hukinai pombe, naye hutafuta kikali zaidi. Ndivyo walivyofikia morfini na heroini, na kuchukuliana wake kukawa mchezo wa jioni. Josslyn Hay, mmoja wao, alifika Kenya 1924, akarithi cheo cha kikabaila cha Earl of Erroll 1928, akajiunga na mafashisti wa Uingereza 1934. Mkewe wa pili, Mary, alikufa 1939, mwili umeliwa na pombe na dawa za kulevya. Mwaka huohuo mumewe akaingia Baraza la Kutunga Sheria! Hapo ndipo penye ubaya wenyewe: kila mtu alijua, na hakuna aliyemfungia mlango.

Alfajiri ya 24 Januari 1941 Erroll alikutwa ndani ya gari lake karibu na Karen, nje ya Nairobi, amepigwa risasi kichwani. Alikuwa na uhusiano na Diana, mke wa Sir Jock Delves Broughton, mume aliyemzidi bibi huyo miaka 30. Wanandoa hao walikuwa wamefika Kenya miezi michache tu nyuma. Broughton alishtakiwa mbele ya jopo la wazungu wenzake, akaachiwa Julai. Bastola haikupatikana, na muuaji hajathibitishwa hadi leo. Desemba 1942 Broughton alikufa katika hoteli mjini Liverpool, baada ya kujidunga morfini.

Wiki ile Erroll alipouawa, askari wa KAR, jeshi la Waafrika chini ya Waingereza, baadhi yao wana wa wenye vipande, walikuwa mpakani wakienda kupigana na Waitalia Somalia.