Usimpe hiyo Lasix kabla hujachapisha mkanda

Dada, usimpe hiyo Lasix, dawa ya kutoa maji mwilini kwa mkojo. Mpigie daktari wa zamu, mwambie ile namba ya weji huiamini bado, kisha rudi kwa mgonjwa uchapishe mkanda, ile karatasi yenye mstari wa presha. Haya mengine utayasoma baadaye.

Kwa wanaoingia sasa: dada huyu ni muuguzi, anauliza kuhusu mgonjwa wake wa ICU, wodi ya mahututi. Valvu ya mitra, mlango wa upande wa kushoto wa moyo, iliharibiwa na homa ya rumatiki, inavuja, na yuko kwenye ventileta. Monita inaonyesha presha ya ateri ya mapafu 38/20 na presha ya weji 26, ile unayoipata ukijaza baluni ya katheta iliyo ndani ya ateri ya mapafu hadi izibe tawi lake, ili ukisie presha ya upande wa kushoto wa moyo. Anataka kujua kama aongeze Lasix, kama anaweza kuacha baluni ikiwa imejaa ili asiijaze kila mara, apime mara ngapi kwa zamu, na bandeji ya katheta ibadilishwe lini. Kuna mtu amemjibu hapo juu kwamba 26 ni mapafu yaliyojaa maji, atoe dawa tu. Ni jibu hilo lililonitoa kitandani, maana na mimi niliambiwa hivyo hivyo na nikatii.

Miaka sita iliyopita nilikuwa muuguzi mgeni ICU, hospitali moja hapa Nairobi. Nilikabidhiwa mama mmoja wa Kayole, umri hamsini na kitu, moyo umechoka na nimonia imemkuta juu ya huo uchovu. Saa nne usiku tulimgeuza, tukabadilisha shuka, tukainua kitanda ili migongo yetu isiumie. Transdusa, kile kifaa kinachosoma presha, ilikuwa imefungwa kwenye nguzo ya dripu. Kitanda kikapanda, yenyewe ikabaki pale pale. Hatukuiangalia. Nikajaza baluni, skrini ikasema 24, nikaandika 24. Daktari akaagiza Lasix ya mshipani kwa simu. Saa saba nikapima tena, 23, akaagiza nyingine. Mkojo ukamiminika, nikaumwaga mfuko mara mbili, na nilikuwa na furaha kabisa, nikidhani naona moyo ukipumzika. Saa kumi na moja alfajiri presha yake ilikuwa 74/40, vidole vimepoa, na mfuko wa mkojo hauna tone jipya.

Daktari bingwa alipofika asubuhi hakunifokea. Aliinama hadi macho yake yakawa sawa na transdusa, akapima kwa rula kutoka hapo hadi usawa wa moyo: sentimita 8 chini. Kila sentimita 10 ambazo transdusa iko chini ya moyo huongeza zaidi ya milimita 7 za zebaki za uongo, kwa hiyo 8 zilinipa kama 6. Kisha akarudisha rekodi ya usiku, akaichapisha, akachukua biro nyekundu. Ventileta iliposukuma hewa, mstari wote ulipanda kilima. Hewa ilipotoka, ukashuka bondeni. Skrini ilikuwa imechanganya kilima na bonde ikanipa wastani wake. Akachora duara bondeni: 19. Akatoa 6. 13. Presha ya weji ya mtu mzima wa afya ni kati ya 6 na 12, na moyo uliochoka mara nyingi huhitaji zaidi kidogo ya hapo. Mama yule hakuwa na maji ya kutolewa. Nilimkausha.

Figo zikagoma. Alisafishwa damu mara nne. Binti yake alikuwa akifunga kibanda chake Gikomba jioni na kuja moja kwa moja, viatu vimejaa matope ya Aprili, na siku moja akaniuliza tukiwa kando ya kitanda: "Sista, mamangu aliingia hapa akikojoa vizuri. Hizi figo zimeingiliaje?" Sikuweza kumtazama. Mama alipona, figo zikarudi polepole, lakini nilipoacha kazi pale familia ilikuwa bado inalipa lile deni.

Sasa niseme juu ya walionifundisha. Mkubwa wangu wa zamu alisema mashine inajua hesabu kuliko mimi, niandike ninachoona. Fundi aliyekuja kufunga monita alitumia nusu siku kutuonyesha vitufe, na tulipouliza kuhusu kupumua akasema programu imeshatoa wastani, tusijisumbue. Wastani wa nini? Wa presha ya moyo na presha ya ventileta vilivyokorogwa pamoja! Nina hasira nao hadi leo. Walikuwa na nafasi ya kusema sentensi moja tu, ile ambayo ingemwokoa mama yule, na hawakuisema.

Sentensi yenyewe ni hii: presha ya weji haiingii kwenye chati bila mkanda wa karatasi uliotiwa alama kwa mkono wako pale pumzi inapomalizika kutoka. Haijalishi ni saa tisa usiku na una wagonjwa watatu.

Fanya hivi. Weka alama ya kalamu kifuani, pale nafasi ya nne ya mbavu inapokutana na mstari wa katikati ya ubavu. Leta transdusa usawa huo, na irudishe kila kitanda kinapopanda au kushuka. Fungua koki kwa hewa, weka sifuri. Bonyeza ule mfereji wa kusafisha laini kwa maji, uuachie kwa ghafla, uone kama mstari unarudi kwa mtetemo mmoja au miwili. Ukirudi kivivu, tafuta kiputo cha hewa kwenye laini. Ndipo ujaze baluni, huku mkono wako mwingine uko juu ya kifua cha mgonjwa. Mashine ikisukuma, soma bondeni. Siku akivuta pumzi mwenyewe mambo yanageuka: akivuta, presha inashuka, kwa hiyo unasoma juu. Ndiyo maana nasema mkono kifuani, si macho kwenye skrini.

Halafu tazama namba zako mwenyewe. Ateri ya mapafu chini ni 20, weji 26. Damu inateremka kutoka ateri kwenda upande wa kushoto wa moyo. Wastani wa weji ukiipita ile presha ya chini ya ateri, simama ujiulize. Kwa valvu inayovuja, nadhani unaona wimbi kubwa la v: damu inayorudishwa kwenye atiria ya kushoto, chumba cha juu cha moyo, kila moyo unapobana. Atiria inaumia kweli, lakini wimbi hilo linavuta wastani juu, na presha ya ventrikali, chumba cha chini, mwishoni mwa kujaa iko chini ya hapo. Soma katikati ya wimbi la a, lile dogo la atiria yenyewe inapobana. Kama mapigo yake hayana mpangilio na wimbi la a halipo, soma kabla tu v haijaanza kupanda. Mwonyeshe daktari yote mawili, urefu wa v na namba ya chini yake, aamue akiwa na karatasi mkononi.

Na baluni, tafadhali. Hapana, usiiache imejaa. Sekunde 10 hadi 15, kisha itoe hewa na uone mstari wa ateri umerudi. Hewa mililita 1.5 na si zaidi, polepole, ukiacha mara tu mstari unapobadilika. Madaktari Swan na Ganz walipoitangaza katheta hii mwaka 1970, baluni ilikuwa ya kubebwa na damu, haikuwekwa ili isukumwe kwa nguvu. Kwa mgonjwa wako hatari ni kubwa zaidi, kwa sababu wimbi kubwa la v linafanana sana na mstari wa ateri. Unadhani baluni haijaziba bado, unaongeza hewa, na ateri inapasuka. Linganisha na ECG, ule mstari wa umeme wa moyo: kilele cha ateri huja ndani ya wimbi la T, kilele cha v huja baada yake. Haya pia huyaoni bila mkanda.

Niko zamu hadi saa moja asubuhi. Ukishachapisha, funika jina la mgonjwa, piga picha uiweke hapa. Nitaiangalia.