Nani kasema kusikia ni kwa sikio tu?

Swali: Ninaandika makala ya sayansi kuhusu viungo vya hisi vilivyomo kwenye gamba la buibui, nge na jamaa zao. Niliandika "buibui husikia kwa miguu". Mhariri amelifuta neno "husikia" akaweka "huhisi", na pembeni ameandika kwa wino mwekundu kwamba kusikia ni kazi ya sikio, na buibui hana sikio. Pia ile mipasuo midogo iliyo kwenye gamba nimeiita "nyufa za hisia". Nimekosea wapi?

Jibu: Umekosea mara mbili, na makosa yote mawili yamo ndani ya "nyufa za hisia". Nitayafikia. Kwenye "husikia" hukukosea hata chembe, na wino ule mwekundu umemwagika bure.

Kuna kitenzi kimoja siku hizi kimevimba mpaka kimeziba njia. Watu hawasikii njaa tena, wanahisi njaa. Hawaoni baridi, wanahisi baridi. Hata harufu ya kitu kinachoungua wanaihisi, kana kwamba wanashuku tu kuwa nyumba inateketea. Mimi nilizoea kwamba mtu akisema "nahisi", ana fununu: nahisi kuna mtu nje, nahisi huyu ananidanganya. Lilikuwa neno la mashaka, na lilifanya kazi yake vizuri. Sasa limepandishwa cheo, limekuwa msimamizi wa milango yote ya fahamu, na wenyeji wa milango hiyo wamefukuzwa.

Aliyefukuzwa kwa dhuluma kubwa kuliko wote ni "sikia". Wanaomfukuza wana hoja moja tu, ile ya mhariri wako: kusikia ni sauti, sauti ni sikio. Basi tuchukue methali ambayo kila mtoto anaijua: sikio la kufa halisikii dawa. Isome tena polepole. Dawa hailii. Dawa haisemi, haiimbi, haibishi hodi. Kama kusikia kungekuwa kupokea sauti na basi, methali hii ingekuwa inazungumzia dawa yenye kelele. Lakini sikio linatakiwa liisikie dawa, yaani dawa iliingie, iliguse, ilibadilishe hali. Na tazama ujasiri wa waliotunga: walikuwa na sikio lenyewe mkononi, kiungo kilekile ambacho mhariri amekipa hatimiliki ya kitenzi, na hata hapo hawakutaka maana ya sauti! Kama kuna mahali pa kusikia kwa masikio pangepatikana, ni hapo, wakapapita. Ningependa mhariri airekebishe methali kwa wino wake, "sikio la kufa halihisi dawa", halafu aisome mbele ya watu wazima. Nitakaa mstari wa mbele.

Ziko nyingine. Tunasikia njaa, kiu, uchungu, raha na harufu. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na hapo kusikia ni kutii, kwa sababu maneno ya mkuu yalimfikia vizuri sana, ila akayapuuza. Watu wakisikilizana hawakuwa viziwi kabla ya hapo, na masikilizano si mashindano ya kusikiliza redio. Kitenzi hiki kimezaa ukoo mzima, na katika ukoo huo sikio lenyewe ni mtoto. Neno "sikio" limetokana na "sikia", kama "kizibo" kilivyotokana na "ziba". Anayesema kusikia ni mali ya sikio amemfanya mtoto amzae mama yake. "Sikia" ni Kibantu, "hisi" tumelipata kwa Kiarabu, na silitaji hilo kwa ubaguzi. Maneno ya Kiarabu tunayo kwa maelfu na yanafanya kazi kwa bidii. Ninachodai ni kwamba mgeni asimtoe mwenyeji kitandani.

Jirani yake "ona" naye aangalie. Tunaona haya, tunaona kiu, tunaona uchungu. Mhariri akimaliza kazi ya masikio atahamia kwenye macho, atuulize haya ina rangi gani.

Sasa buibui wako. Nimesema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Kwa buibui mambo ni kinyume, avunjikaye guu ndiye asiyesikia. Kiumbe huyu amevaa gamba gumu mwili mzima, na gamba hilo limechanjwa mianya midogo sana. Yuko buibui mwindaji wa Amerika ya Kati, Cupiennius salei, asiyetega utando, anayevizia windo usiku akiwa juu ya mimea. Ana mianya zaidi ya 3,000, na mingi iko miguuni. Ule mrefu kabisa hauzidi sana sehemu ya tano ya milimita, na upana wake ni kama sehemu ya elfu ya milimita, au mbili. Juu umefunikwa na utando mwembamba, na ncha ya neva imeushika utando huo kwa ndani. Ukitaka kuona unavyofanya kazi, chana kipande cha karatasi ngumu kwa wembe, ukikunje kidogo kufuata urefu wa mchano, mchano ukiwa upande wa ndani wa kunjo: utaona kingo zake zinabanana. Mguu wa buibui ukitikiswa, gamba hupinda kidogo mno, kingo za mwanya hubanana, utando hubonyea, na neva hupeleka habari.

Mahali pengine mianya imejipanga sambamba, mifupi kwa mirefu, kama nyuzi za kinubi, na wanasayansi wakaipa jina la ala hiyo. Kinubi kinachosifiwa zaidi kiko kwenye kipande cha pili kutoka ncha ya mguu. Kipande cha mwisho kikitikiswa na jani au uzi, hukisukuma kile cha pili, na mianya ya pale hubanwa. Mtikisiko ukiwa wa kasi, kama mara elfu kwa sekunde, kiungo hicho huujua hata kama ncha ya mguu imesogea kwa kiasi cha sehemu ya milioni ya sentimita. Dume wa Cupiennius hutikisa mmea kumwita jike, na jike aliye mbali kwenye mmea uleule hujibu kwa kutikisa. Huyu anaita, yule anaitika. Sasa niambie, mhariri, aitikaye amesikia au amehisi?

Nge wa mchangani katika jangwa la Mojave, Marekani, ana mianya ya aina hiyohiyo karibu na ncha za miguu. Katika miaka ya 1970 mtafiti Philip Brownell alionyesha kwamba nge huyo hutambua upande alipo windo kwa kulinganisha ni mguu upi umefikiwa kwanza na wimbi linalopita mchangani. Miguu minane imetandazwa kwa duara, tofauti ya muda ni ndogo kuliko sehemu ya elfu ya sekunde, na nge hugeuka kumwelekea mende aliyejichimbia umbali wa nusu mita. Ana macho, lakini kwa kazi hii hayamsaidii kitu.

Najua mhariri atarudi nyuma hatua moja aseme: huo ni mtetemo wa ardhi, sauti ni ya hewani. Sawa, twende hewani. Mwaka 2016 watafiti wa Chuo Kikuu cha Cornell, Marekani, walichapisha matokeo kuhusu buibui mrukaji, Phidippus audax, ambaye ubongo wake uliitikia sauti iliyotoka zaidi ya mita tatu. Mwaka 2020 ikawa zamu ya buibui mwingine, Deinopis spinosa, mwenye macho makubwa ya kutisha, anayedaka wadudu wanaoruka nyuma yake akiwa gizani kwa kuwasikia, na wenzo ni vinyweleo na mianya ya miguuni. Ngoma ya sikio hana hata mmoja. Nyenje anayo, ila ameiweka kwenye miguu ya mbele, chini kidogo ya goti, kwa hiyo hata mwenye sikio halali husikia kwa mguu. Panzi wengi wanayo tumboni. Kwa sheria ya mhariri tutahitaji kitenzi kipya kwa kila mdudu. (Ndiyo, nimeandika "mdudu", na sitaki barua. Mwanabiolojia ana haki ya kumtenga buibui na wadudu kwa sababu ya miguu minane, mtu anayekimbia chumbani akipiga kelele "mdudu!" naye ana haki yake.)

Hata hivyo sitalizika "hisi" likiwa hai. Mianya hiyohiyo hufanya kazi nyingine ambayo sikubali kuiita kusikia. Buibui anapotembea, uzito wake mwenyewe na misuli yake hukaza gamba, na mianya humwarifu miguu imebebaje mwili. Katika majaribio yaliyochapishwa mwaka 1972, Cupiennius alifukuzwa kutoka kwa nzi aliyekwisha kumkamata, akiwa hawezi kuona, na alijua njia ya kurudi. Watafiti walipoiharibu mianya ya miguuni, alipotea. Hapo andika "huhisi mwendo wa mwili wake" bila wasiwasi, maana hakuna mwingine anayeitwa wala anayeitika. Ni mwili unajijua wenyewe. Na kama sentensi yako inahitaji kitenzi kimoja kitakachobeba yote mawili, uzito na mtikisiko, "huhisi" itapita. Sitaipigia makofi, lakini itapita. Tatizo langu na mhariri ni ile sababu aliyoiandika pembeni.

Turudi kwenye makosa yako sasa. "Hisia" si "hisi". Hisi ni uwezo wa mwili wa kupokea habari. Hisia ni mambo ya moyoni, huzuni, wivu, mapenzi. Najua vitabu vingi vinachanganya, na kamusi zimechoka kugombana, lakini mimi nazitenga, na makala yako ni ushahidi wa kwa nini. "Nyufa za hisia" ni jina la tamthilia ya redio, sehemu ya kwanza, mke amegundua barua. Buibui mwenye "hisia kali" ni buibui aliyeachwa na mchumba. Andika hisi.

"Ufa" nalo ni neno la hasara. Ufa unatokea pasipotakiwa, na usipouziba utajenga ukuta. Mipasuo ya buibui haikutokea kwa bahati mbaya, na ukiiziba umempofusha, kama usemi huo unakubalika kwa asiyetumia macho. Chukua "mwanya", wingi "mianya": ni nafasi iliyopo kihalali, kama ile ya kati ya meno ya mbele ambayo watu huisifia. "Mianya ya hisi" inatosha. Kwa ile iliyojipanga pamoja, "kinubi" ni sahihi kuliko "zeze", kwa sababu zeze la kawaida lina nyuzi chache, na huku kuna mianya mingi.

Kuhusu "viungo vya hisi", nimelitumia jina hilo muda wote na nalipenda, ila jihadhari mahali pamoja. Vinubi vingi vya buibui viko karibu na maungio ya miguu, nayo huitwa viungo. Utajikuta umeandika "viungo vilivyo karibu na viungo", na mpishi atadhani unaongelea mdalasini. Hapo tu, weka "ogani", neno la darasani lisilo na ladha yoyote lakini lisilo na mapacha.

Uliniandikia pia, mwishoni mwa barua, kwamba mhariri amekubali "kupe hunusa kwa mguu". Ajabu! Yule asiyeruhusu kusikia bila sikio ameruhusu kunusa bila pua. Kupe ana kiungo kinachoitwa cha Haller kwenye miguu yake ya kwanza, na kwa hicho hutambua harufu, joto na hewa ya kaboni dioksidi inayotoka kwa mnyama. Hupanda kwenye jani, huinyoosha miguu hiyo mbele na kungoja. Lakini kunusa ni tendo la kuvuta hewa puani kwa kusudi, na kupe hana pua wala havuti kitu. Harufu inamfuata mwenyewe alipo. Andika "kupe husikia harufu kwa mguu", na mwambie mhariri kuwa hilo halina mjadala.