Pacha Waliopotezana: Jibu Langu Mimi Doto

Mhariri,

Swali lenu la wiki linauliza kama filamu za vichekesho za mapacha waliopotezana, zile ambazo mmoja anadhaniwa kuwa mwingine mpaka picha inakaribia kwisha, zina sababu ya kutengenezwa tena au zimeshatuchosha. Mimi naitwa Doto, na kwa Msukuma jina hilo linajieleza: Kulwa yupo. Tulizaliwa pamoja, hatukulelewa pamoja. Kwa hiyo jibu langu ni la haraka. Zimechosha, tena zamani.

Chukueni Hello Brother, filamu ya Kitelugu, lugha ya kusini mwa India, ya mwaka 1994 aliyoiongoza E. V. V. Satyanarayana, Nagarjuna akicheza pacha wote wawili. Wengi wetu hatukuiona hiyo. Tuliona Judwaa ya Salman Khan ya 1997, ambayo ni kisa kilekile kwa Kihindi, na mwaka 2017 David Dhawan akakirudia tena akiwa na mwanawe Varun. Watoto wanazaliwa, mhalifu anatoroka na mmoja. Huyu anakulia mtaani na wizi mdogomdogo, yule anakuwa mwanamuziki. Kichekesho ni kwamba miili yao imeunganika: wakikaribiana, anachofanyiwa mmoja kinampata na mwenzake. Huyu akipigwa ngumi kule, yule anapepesuka huku mbele za watu.

Nyumbani kwa shangazi, Magomeni, kanda ya Judwaa iliwekwa kwenye deki mpaka picha ikaanza kukwaruza. Binamu zangu walikuwa wananifinya, kisha wananiuliza kama Kulwa kule Mwanza amesikia. Walinipenda, sina kinyongo nao. Lakini hakuna hata mmoja aliyeuliza kwa nini Kulwa yuko Mwanza na mimi niko Magomeni. Kwenye filamu kuna jambazi wa kulaumiwa. Kwetu kulikuwa na kikao. Mama alikuwa na watoto wengi, Shija, yule anayefuata baada ya pacha, naye ameshazaliwa, na shangazi hakujaliwa mtoto wa kike. Wazee wakakaa, wakakubaliana, nikapandishwa treni ya reli ya kati. Hakuna aliyefanya ubaya, na ndiyo maana hakuna wa kugombana naye.

Nilirudi likizo nikiwa kidato cha pili. Mama akanituma dagaa Mwaloni, pale Kirumba. Mwaloni asubuhi si mahali pa mtu mgeni: wabeba mizigo wanakusukuma, harufu ya dagaa inakukaba, na kila muuzaji anakuita kama anakudai. Mmoja aliniita kwa jina. “Kulwa!” Alikuwa mama wa makamo, kitenge amekikaza kifuani, sado mkononi. Akanisalimia kwa Kisukuma, “Mwangaluka.” Mimi nikajibu, “Shikamoo, mama.” Akaniangalia. “Marahaba. Tangu lini unaniamkia Kiswahili? Umeninunia?”

Nilitaka kumwambia. Mdomo ulishafunguka. Lakini alishanivuta mkono, akanikalisha kwenye kreti lililopinduliwa, akainama karibu na sikio langu, na sauti yake ikabadilika. “Mwanangu, usininunie. Mimi nilimwambia mama yako asikuachishe shule. Nilimwambia mbele ya baba yako. Na ile hela ya dawa usihangaike kunirudishia. Mama akipona, hayo ndiyo malipo yangu.”

Nyumbani nilikuwa nimeambiwa kwamba Kulwa naye yuko likizo. Kikohozi cha mama nilikuwa nimeambiwa ni vumbi.

Sikumwambia kwamba mimi si Kulwa. Nilitaka aendelee kusema, kwa sababu palikuwa ndipo mahali pekee Mwanza nzima ambapo mtu alikuwa ananiambia ukweli, na alikuwa ananiambia kwa kuwa ananidhania mwingine. Akaendelea. Akanieleza jinsi “ninavyojitahidi”, jinsi anavyoniona alfajiri nikianika dagaa za watu, na kwamba mikono yangu siku hizi afadhali, vidonda vimepona. Akaishika mikono yangu akaigeuza, akaitazama viganja. Viganja vya mtoto wa Magomeni. Alinyamaza kidogo, sijui aliwaza nini. Kisha akachota dagaa, akajaza sado, akaitikisa zikae, akajaza tena mpaka zikawa zinamwagika pembeni, akaongeza konzi moja kwa mkono. Akakataa kupokea hela.

Usiku nilimsimulia Kulwa. Hakukasirika. Alitaka neno kwa neno: mama yule alisema nini, akasimama vipi, nami nikajibu nini. Nilipofika kwenye ile “Shikamoo, mama,” akacheka mpaka akajiziba mdomo kwa khanga asiwaamshe wadogo zetu. Nikacheka na mimi. Tulicheka sana usiku ule, na katikati ya kicheko ndipo akanieleza yote: ada ilitosha mtoto mmoja, na huyo mmoja alishalipiwa na shangazi Dar.

Nikifika hapa naona ule uhakika wangu wa aya ya kwanza umelegea. Kama sisi wenyewe tulicheka, basi kichekesho kipo ndani ya jambo lenyewe, hakikubandikwa na waongozaji. Kinachoniudhi kwenye Hello Brother na watoto wake ni kwamba kufananishwa kunazaa makofi na wachumba waliochanganyikiwa tu. Mtu anasimama katika maisha ya ndugu yake saa mbili nzima, na hajifunzi cha maana juu yake.

Walioanza walijua. Ramudu Bheemudu ya mwaka 1964, pia ya Kitelugu, iliongozwa na Tapi Chanakya, na N. T. Rama Rao akawa pacha wote wawili. Ramudu ni mpole, tajiri kwa jina tu, anachapwa mijeledi na shemeji yake ndani ya nyumba yake mwenyewe. Bheemudu kakulia kijijini, haogopi mtu. Wanabadilishana bila kukusudia, na Bheemudu anakutana na ule mjeledi uliokuwa unamngoja ndugu yake. Anaushika yeye. Watazamaji wanacheka, lakini wanacheka kwa sababu wameshaona mgongo wa Ramudu. Chanakya alikitengeneza tena kisa hicho kwa Kitamil mwaka 1965 akiwa na M. G. Ramachandran, maarufu kama MGR, na kwa Kihindi mwaka 1967 akiwa na Dilip Kumar. Rama Rao na MGR wote wawili baadaye walikuja kuwa mawaziri wakuu wa majimbo yao, mmoja Andhra Pradesh, mwingine Tamil Nadu. Sidai kwamba ule mjeledi ndio uliowapigia kura, lakini watu hawakuwasahau.

Basi jibu langu, Mhariri, ni kwamba zitengenezwe. Na hapa kwetu pia zitengenezwe, kwa masharti. Zile za kufinyana na kuanguka ziachwe, hizo bado nasema zimechosha. Pacha wasitenganishwe na jambazi, watenganishwe na watu wanaowapenda. Anayefananishwa aachwe asikie jambo. Na kama inawezekana watafutwe pacha wa kweli wa kuigiza, ingawa najua mwigizaji mmoja mwenye jina ndiye anayeuza picha.

Mama yetu alipona, nisiwaache na wasiwasi. Kulwa hakurudi shule. Hiyo ya 1964 niliitazama kwa kusoma maandishi ya Kiingereza chini ya picha, na yeye hayo hayawezi. Kama kuna mmoja wa wale wanaotafsiri filamu kwa sauti kwenye vibanda vya video anasoma hapa, aichukue hiyo, aiingizie Kiswahili. Malipo yake nitachangia.