Mwanangu, asitie sahihi kwanza

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata. Unasema rafiki yako amefiwa na mumewe kwa ajali ya gari, matanga hayajaanuliwa, na tayari kampuni ya bima imemtuma mtu na karatasi ya kutia sahihi. Shemeji zake nao wanamwambia kupokea fedha hizo ni kuuza damu ya ndugu yao. Unauliza achukue au akatae.

Fidia achukue. Karatasi ile asiitie sahihi.

Nianze na hilo la damu, maana najua ndilo linalomnyima usingizi. Hakuna hakimu anayeipangia bei roho ya mtu. Kinachohesabiwa ni kile marehemu alichokuwa akiwaletea wanaomtegemea: kipato chake, ukitoa alichotumia mwenyewe, mara miaka ambayo angeendelea kuwatunza. Miaka hiyo hupunguzwa, kwa kuwa mtu huugua au hukosa kazi, na fedha inalipwa kwa mkupuo. Ile ni karo ya watoto na kodi ya nyumba vilivyokatika siku ya ajali.

Kuna wakati hata sheria ilisimama upande wa hao shemeji. Mwaka 1808 mahakama ya Uingereza iliamua kwamba kifo cha mtu hakidaiwi fidia. Ikawa aliyemvunja mwenzake mguu analipa, aliyemuua halipi kitu! Ajali za reli zilipozidi, Bunge likatunga sheria mwaka 1846 iliyowapa wake, waume, wazazi na watoto wa marehemu haki ya kudai, na nchi nyingi zilizotawaliwa na Waingereza zikairithi. Kama hao shemeji ni Waislamu, wasome Sura An-Nisaa aya ya 92: aliyeua kwa kukosea anatakiwa kuwalipa diya watu wa marehemu, ila wakisamehe wenyewe. Sasa damu imeuzwa wapi?

Tuje kwenye karatasi. Miaka yote ya ukarani wangu mahakamani, mafaili yaliyoniuma zaidi ni yale yenye sahihi iliyotiwa katika wiki za msiba, chini ya maneno "malipo kamili na ya mwisho". Ukishatia sahihi hapo, kufungua tena madai ni kazi ngumu mno. Kampuni inajua kwamba mjane aliyeishiwa hata fedha za chakula hukubali chochote.

Usimwache adhani kwamba bila hati ya mshahara hana kesi. Namkumbuka mama mmoja ambaye mumewe alikuwa mchuuzi. Alileta daftari la shule lenye madoa ya mafuta, ndani yake mwandiko wa marehemu: nani anadaiwa, mzigo umenunuliwa kwa kiasi gani, karo ya mtoto imelipwa lini. Wakili wa bima alilipekua ukurasa kwa ukurasa akitafuta pa kulikosoa. Hakimu alilitumia kukadiria kipato. Kwa hiyo apekue makabati na mifuko ya nguo, na jumbe za miamala kwenye simu asizifute.

Achukue pia ripoti ya polisi na mchoro wa ajali, cheti cha kifo, na risiti za mazishi. Namba ya gari lililomgonga ni muhimu, maana ndiyo itakayoonyesha bima ni ya nani. Asingoje kesi ya jinai iishe. Dereva akifungwa, kifungo hicho hakilishi watoto. Akiachiwa, madai bado yanaweza kusimama, kwa kuwa kwenye kesi ya madai kiwango cha ushahidi ni cha chini kuliko kwenye jinai. Ila sheria huweka ukomo wa muda wa kudai, na muda huo haungoji mtu amalize kulia. Amwone wakili mapema, amuulize ada yake inakatwa vipi kabla ya kukubaliana.

Na wale shemeji asigombane nao. Kama wazazi wa marehemu walikuwa wakitunzwa naye, nao ni wategemezi, wana fungu lao. Awaambie hivyo waziwazi. Huenda kinachowachoma ni hofu ya kuachwa nje.

Mtu wa bima akirudi, aombwe aache nakala, jibu atapelekewa kwa maandishi. Wewe ipige picha unitumie, nataka kuisoma yote kabla hawajakutana tena.

Baba yako