Wapiga gitaa watatu wa The Yardbirds
Je, Eric Clapton, Jeff Beck na Jimmy Page waliwahi kuwamo wote watatu kwa wakati mmoja katika The Yardbirds, bendi ya roki ya Uingereza ya miaka ya 1960? Hapana, hawakuwahi. Clapton, aliyejiunga mwaka 1963, aliondoka Machi 1965 kwa sababu hakuridhika kuona bendi inaupa muziki wa bluzi kisogo na kurekodi "For Your Love", wimbo unaofunguliwa na kinanda cha kale cha hapsikodi badala ya gitaa. Nafasi yake akaichukua Beck, kwa pendekezo la Page mwenyewe. Page aliingia Juni 1966, na jambo ambalo wengi hulisahau ni kwamba alianza kwa kupiga besi (gitaa la sauti nzito), hadi mwanabendi mwenzake Chris Dreja alipoichukua ala hiyo na kumwachia gitaa. Kwa hiyo Beck na Page walipiga magitaa yao sambamba kwa miezi michache tu ya mwaka huo, na ushahidi umo katika filamu ya Blow-Up, ambamo Beck anaonekana akilivunjavunja gitaa lake huku Page akiendelea kupiga. Ni kweli kwamba wote watatu walipanda jukwaa moja katika ukumbi wa Royal Albert Hall mwaka 1983, lakini lile lilikuwa onyesho la hisani, si la bendi.